Namna Harith Alivyokufa Meksiko

Siku watu wa Thornton Heath, kusini mwa London, walipovuka jiji kuja Walthamstow kumposa Afnan, mama yake, Bi Time, alitandika kitambaa cheupe mezani na kuazimia kwamba jina la marehemu mumewe halitashushwa ndani ya nyumba yake. Mzee Asad, mjomba wa kijana aliyeposa, alikuwa ameshapeleleza kwa nusu ya Wapemba wa London.

"Tumesikia mengi, Bi Time. Baba wa binti alikuwa jambazi. Mlevi. Muuaji."

"Na dereva wa majambazi," alisema Bi Time. "Hiyo ndiyo aliyoigiza zaidi. Ongeza sukari."

Akawasimulia. Harith, mumewe, alitoka Pemba kijana, akafanya kazi melini, akashushwa bandari ya Verakruzi, Meksiko, akiwa na homa, meli ikaondoka bila yeye. Alipopona alibeba mizigo sokoni na kujifunza Kihispania. Watu wa filamu za bastola wakamwona hapo: mrefu, mabega mapana, uso usiocheka. Wakamsimamisha nyuma ya mkubwa wa majambazi, na nyuma hapo akabaki miaka yote. Hakuwahi kushinda pambano hata moja. Hata alipohamia London, akaoa na kupata kazi ya kusukuma vitanda vya wagonjwa hospitalini, kila likizo alirudi Meksiko kupigwa risasi. Waongozaji walimng'ang'ania. Alifika mapema, hakugombana na mtu, na hapakuwa na aliyejua kuanguka kama yeye. Penye glasi ya mvinyo aliomba maji mekundu ya maua ya choya, na watazamaji hawakugundua.

"Choya," Mzee Asad alirudia, kama mtu anayeuziwa samaki wa jana. "Nasi tutajuaje?"

Afnan, ambaye Kiswahili anakisikia lakini hujibu kwa Kiingereza, alimwambia bora atazame mwenyewe, akamwekea simu mbele ya kikombe.

Kwenye kioo cha simu, Harith alitoka kwenye gari jeusi. Risasi zikalia. Akageuka taratibu, akaanguka kwa ubavu wa kulia, vumbi likatanda, kamera ikamsogelea usoni. Midomo yake ilikuwa inacheza.

"Rudisha," alisema Mzee Asad. Akavaa miwani. "Anasema nini?"

"Msome midomo," alisema Bi Time.

Mzee akainama juu ya simu. Polepole midomo yake mwenyewe ikaanza kufuatana na ya marehemu, mpaka mwisho wa shahada.

"Aliogopa siku moja mtu atakosea na kutia risasi ya kweli," Bi Time alisema. "Hakutaka imkute hajajiandaa. Mwongozaji alidhani ni ufundi wa uigizaji, akawa anasogeza kamera."

"Kila filamu?"

"Kila alipokufa. Na ilipofika siku yake hasa, hapa hapa London, hakuhitaji mtu wa kumtamkisha shahada."

Mzee Asad alivua miwani, akaipangusa kwa ncha ya kanzu, akachukua muda mrefu kuliko miwani ilivyohitaji.

"Siku ya ndoa tutaipanga tukimaliza chai," alisema, akimrudishia Afnan simu. "Hebu niwekee filamu nyingine, mwanangu."