Mshenga wa Mtu wa Hewa

Kama kuna kitu ambacho William hakuwahi kuishiwa tangu atue Guangzhou, ni maneno. Jinzi za kule soko la Shahe zilimwishia, nafasi kwenye kontena ilimnyima usingizi, lakini maneno alikuwa nayo ya kula na ya kuuza. Shule aliachana nayo kidato cha pili, na mwenyewe husema ni shule iliyomwacha yeye, kwa wivu. Kichina chake kilianza na "laoban", yaani bosi, kikaishia na "meiyou", yaani hamna. Katikati alijaza kwa mikono na nyusi. Na bado aliweza kuingia duka lolote akatoka bei imeshuka na mwenye duka anacheka.

Ndiyo maana Heriel alipotaka kuposa hakumfikiria mtu mwingine. Heriel ni kijana wa Machame aliyeletwa China na ufadhili wa masomo. Nyumbani alikuwa na baba wadogo wa kujaza kanisa, ila hakuna aliyekuwa tayari kupanda ndege kwa ajili ya barua ya posa. Guangzhou ukoo unaokotwa. Ukiwa na mvi kidogo na suti, wewe tayari ni baba mdogo wa mtu. William mvi alikuwa nazo, suti aliazima.

Binti mwenyewe ni Melania, mwanafunzi pia, na aliishi kwa shangazi yake, Odilia. Sasa huyo Odilia ndiye aliyekuwa mlima. Mama wa Kihaya kutoka Bukoba, mwenye stoo ya vitambaa pale soko la Zhongda, na adui yake mkubwa duniani alikuwa hewa. Meli hulipisha nafasi, na hewa ndani ya robota hula nafasi kama kitambaa. Kwa hiyo Odilia aliweka mashine ya kubania mizigo katikati ya stoo, na mashine isipomridhisha alipanda juu ya robota akakalia mwenyewe, na Odilia si mwepesi. Jambo la pili lililojulikana: mgeni aliyepokewa kwake alipewa kahawa ya kutafuna, zile buni kavu za kwao, kutoka kwenye kikopo cha bati. Usipoletewa kikopo, jua hujapokewa. Walishatoka wachumba wawili pale na midomo mikavu.

Ulikuwa mwaka 2005, mwezi wa kumi, Wachina walipowarusha watu wawili angani kwa mpigo. Kila duka lenye televisheni lilikuwa limejaa wabeba mizigo waliosimama vinywa wazi. Na Heriel alikuwa anasoma jambo hilohilo: namna ya kuwapatia hewa watu walio huko juu. Kabla ya posa alimkalisha William kwenye mgahawa wa tambi amweleweshe.

"Baba mdogo, watakuuliza ninasomea nini. Safari fupi kama hii, hewa hubebwa kwenye mitungi. Wakikaa miezi, hapo ndipo maji..."

Simu ya William ikalia. Ilikuwa Shahe, habari za zipu. Aliporudi kwenye tambi alikuwa amebaki na mitungi na maji, basi.

"Nimekuelewa vizuri sana mwanangu," akasema. "Wewe kaa kimya, niachie mimi."

Kukaa kimya hakukuwa ombi, ndiyo mila yenyewe. Kijana wa posa hasemi. Siku ilipofika, Heriel aliachwa nje ya mlango wa stoo. Melania alifichwa nyuma ya majora ya mapazia. Ndani, Odilia alikaa na binamu yake Revocatus, na kwenye rafu, juu kabisa, kikopo cha bati.

William alianza vizuri. Alisalimia, akasifu stoo, akasifu Bukoba, akakabidhi barua kwa mikono miwili. Odilia akaipokea, akaiweka pembeni.

"Kijana anafanya nini?"

Hapo William angesema "anasoma", mambo yakaisha. Lakini duka la mbele, televisheni ya jirani ilikuwa inawaonyesha wale wawili wa angani, na William hajawahi kuacha nafasi ipite.

"Mama, unawaona wale? Wanapumua kwa sababu ya huyu kijana."

"Eh!" Revocatus akasogeza kiti.

"Na mwakani," William akanogewa, "anapanda mwenyewe!"

Nyuma ya majora kitu kilianguka.

"Anapanda wapi?" Odilia akauliza polepole.

"Juu."

"Yaani nimuoze mtoto wa kaka yangu kwa mtu ambaye siku ya ubatizo yuko kwenye chupa angani? Na huko juu kuna hewa?"

"Ipo, mama. Kuna... wanafungua dirisha kidogo."

Revocatus alicheka mpaka akashika ukuta. Odilia hakucheka. Alichukua ile barua na kuanza kumrudishia.

William akahisi suti ya watu inambana kwapani. Akaomba atoke kidogo.

Nje, Heriel alikuwa amelowa jasho. "Baba mdogo! Dirisha?"

"Umesikia?"

"Hata Wachina wamesikia! Mwambie ukweli. Maji. Yana oksijeni ndani yake, imeungana na hidrojeni. Ukipitisha umeme zinaachana. Oksijeni wanavuta, hidrojeni wanaitoa nje ya chombo. Tafadhali. Akinirudishia barua hii hakuna nyingine."

William akamtazama kijana. Kwa mara ya kwanza tangu aazime ile suti alikumbuka kwamba posa si yake. Pembeni, kwenye stoo ya jirani, mbeba mizigo alishusha mashine ya kubania, na robota likapumua *fuuu* mpaka likawa bapa. William akarudi ndani.

"Mama Odilia, hapandi popote. Hilo nimemwongezea mimi."

"Na dirisha?"

"Na dirisha pia ni langu."

"Endelea."

"Mama, wewe unaweza kusafirisha hewa tupu mpaka Bukoba?"

"Nina wazimu?"

"Basi na wao hawana. Safari fupi wanaijaza mitungini. Ila wakikaa miezi, mitungi itakula nafasi yote. Kwa hiyo wanabeba maji. Maji ni robota, mama! Ndani yamefunga mizigo miwili, oksijeni na hidrojeni, na umeme ndio kisu cha kukatia kamba. Robota likifunguka, oksijeni inavutwa puani."

Odilia akarudisha barua mapajani.

"Na huo mzigo wa pili?"

"Wanautupa nje."

"Wanautupa!" Akamgeukia Revocatus. "Nusu ya robota wanatupa, na eti wamesoma." Kisha akafikiri. "Na pumzi wanayotoa? Watu wawili ndani ya chupa, si watajifukiza?"

William akageuka mlangoni. Mlango ulikuwa wazi kidogo, na kwenye upenyo kulikuwa na jicho moja la Heriel, na mkono uliokuwa ukionyesha kopo na kitu kinachonaswa, kisha ukapangusa jasho la paji na kuashiria kunywa.

"Kuna makopo ya dawa, mama. Pumzi chafu inanaswa humo. Na jasho lao, na mvuke wa midomo yao, hukusanywa vikawa maji tena."

"Hata jasho?"

"Hata jasho."

Odilia akaitazama mashine yake ya kubania. William alikuwa na neno la kuongeza, safari hii akalimeza.

"Revo," mama akasema mwishoni, "mtu anayekesha akiwaza watu asiowajua watavuta nini kesho, na hatupi hata jasho, nyumba itamshinda?"

"Haitamshinda."

"Nishushie kikopo."

Heriel akaitwa. Aliingia ameinamisha kichwa, akaamkia, akakinga mikono miwili. Odilia akammiminia buni za kutosha. Akampa Revocatus. William akakinga naye, akapewa moja.

"Moja, mama?"

"Nyingine ziko dirishani." Kisha akamgeukia kijana. "Haya, mila imekwisha. Sema mwenyewe. Kweli hupandi?"

Heriel alitafuna, akameza, akafuta jasho.

"Sipandi, mama. Mimi hata lifti ya jengo la Tianxiu naiogopa. Huwa napanda ngazi."

Majora ya mapazia yakacheka, na Melania akatoka nyuma yake bila kuitwa na mtu.