Mkebe wa Shabiki wa Jezi ya Kijani

Msiniambie eti nilikuwa nimelewa. Ilikuwa saa nane mchana, na nilikuwa nimekunywa chai tu. Haya yalinipata hapa Eldoret, na hasira yake haijaniisha.

Mimi ni mhariri wa filamu. Tulikuwa tunatengeneza historia ya klabu moja ya zamani ya mpira, tukiwarekodi mashabiki wake katika ukumbi wa kanisa pale Langas. Akaingia mwanamume mwenye jezi ya kijani, mkebe wa maziwa wenye kokoto umefungwa mkononi kwa kamba. Zamani walishangilia hivyo. Wenzake wote walikuwa na mvi, yeye hana hata moja. Mbona sikujiuliza?

"Tulishangilia bao, jukwaa la mbao likaanguka," alisema. "Mimi nilikuwa huko juu kabisa. Tafadhali, onyesheni hiyo siku vile ilikuwa. Binti yangu aliambiwa nilitoroka nikaenda Uganda."

Bosi wangu aliposikia akasema, "Hapo kwa jukwaa kata. Mwenyekiti wa klabu ndiye ametupea kanda, na hataki hiyo stori. Weka mashabiki wa mechi ingine."

Ndiyo tabia yetu wahariri. Tunabandika umati wowote unaoruka, na nani atajua? Nikakata, nikabandika. Kwa mikono yangu hii.

Filamu ikaonyeshwa Jumapili baada ya ibada, katika ukumbi uleule. Mwanamume yule alipotokea kwenye skrini, katika kipande cha mahojiano nilichobakisha, mama mmoja wa makamo, Chebet, alisimama.

"Huyo ni baba! Alipotea nikiwa darasa la tatu. Mbona mimi nimezeeka na yeye hajazeeka?"

Mwenyekiti akachukua kofia yake akatoka.

Nilikimbia ofisini nikaifungua kanda ya klabu, ile niliyokuwa nimeipitisha haraka haraka bila kuitazama. Niaminini, yote yalikuwemo. Jukwaa linaanguka. Wanaume wanne wanambeba maiti mwenye jezi ya kijani, mkebe unaning'inia mkononi. Na mwenyekiti, kijana wakati huo, anawaonyesha lango la nyuma kwa kidole. Walijua! Miaka yote hiyo walijua, wakamwacha mtoto akimchukia baba yake.

Nikafungua mahojiano yetu. Kiti kilikuwa kitupu. Kokoto tu zilisikika.

Nilimpa Chebet nakala ya kanda. Aliitazama mara moja, akauliza, "Walimpeleka wapi?"

Tangu siku hiyo, kila umati ninaouhariri una mkebe unaolia ndani yake, hata nikizima sauti. Nami nastahili.

Wewe unayeshika picha za watu wa zamani, usithubutu kumfunika mtu kwa furaha ya watu wengine. Atakuja kudai siku yake.

Na wewe mwenyekiti, najua utaisoma hii. Lango lako nimeligonga mara tatu, ukaniachilia mbwa. Chebet bado anauliza. Mlimpeleka wapi?