Mdhamini Asiye Ndugu

Katika kitabu cha simu cha Kisiwa cha Norfolk huwezi kumpata Hedley Obadiah Quintal hata ukilala na kitabu hicho mwezi mzima. Yumo kwenye herufi ya K: Kiroboto. Jina hilo alibandikwa shuleni akiwa na miaka sita, kwa sababu hakuwahi kutulia kitini, na likamganda. Sasa ana miaka sabini na mitatu, magoti yamegoma, haruki hata kidimbwi, lakini Kiroboto ni Kiroboto. Miaka arobaini alifanya kazi gatini, akipokea mizigo ya meli kwenye mashua huku bahari ikimrusha juu na chini: friji, magari, mifuko ya saruji, na piano moja anayoitukana mpaka leo. Watu wa aina hiyo hawana ugomvi na dunia, mradi dunia iwafuate kwa meli.

Pasipoti yake ilikaa ndani ya kopo la biskuti, chini ya risiti za dawa ya ng'ombe. Hakuikumbuka mpaka dada yake Merle alipopiga simu kutoka Auckland.

"Wananipasua moyo tarehe ishirini mwezi ujao," Merle alisema. "Daktari mwenyewe ana sura ya mtoto wa kidato cha pili. Njoo."

"Nije kufanya nini? Mimi nimesomea kamba na mashua."

"Uje tugombane. Huku watu wote wana adabu, nitakufa hata kabla hawajanipasua."

Kiroboto alicheka. Alipoiweka simu chini hakucheka tena. Mama yao alipofariki, Merle ndiye aliyemlea. Ndiye aliyemfunga viatu, akamzaba makofi, akamburuta shule. Kumfikiria amelazwa kati ya watu wenye adabu, bila ndugu hata mmoja mlangoni, kulimtia hofu ambayo bahari haikuwahi kumtia.

Kwenye dirisha la posta anakaa Tavia, binti wa binamu yake. Aliifungua pasipoti kwa vidole viwili kama mtu anayekagua samaki wa juzi.

"Mjomba, hii imekufa."

"Imelala tu. Ihuishe."

"Ingekuwa imeisha mwaka jana ningekuhuishia: fomu fupi, picha, ada, kwaheri. Yako imepita miaka mitano. Ikishapita mitatu, kwao ni kama hujawahi kuwa nayo. Unaanza upya. Fomu ndefu, cheti cha kuzaliwa, na mdhamini."

"Mdhamini wa nini? Nimeiba?"

"Wa kusema kwamba wewe ni wewe. Anaandika nyuma ya picha kuwa hii ni picha yako ya kweli, anaweka saini."

Fomu inatakiwa ijazwe kwa wino mweusi na herufi kubwa, na Kiroboto aliharibu tatu. Ya kwanza aliandika Kiroboto. Ya pili alivuka mstari. Ya tatu mkewe, Verna, aliiwekea kikombe cha chai juu. Picha nayo ikawa vita. Tavia alimsimamisha mbele ya ukuta mweupe.

"Usicheke, mjomba."

"Sicheki."

"Meno yanaonekana."

"Hayo si yangu. Nimeyanunua, yanajionyesha yenyewe."

Mara ya sita akafaulu kufunga mdomo, akatoka na sura ya mtu anayeshtakiwa kwa mauaji. Tavia akasema hiyo ndiyo wanayoitaka.

"Haya, saini hapa nyuma tumalize," alisema Kiroboto akimsukumia kalamu.

Tavia akairudisha kalamu. "Mdhamini asiwe ndugu, wa damu wala wa ndoa. Na awe amekufahamu mwaka mzima."

"Asiwe ndugu. Hapa?"

"Najua, mjomba. Hapa ukirusha jiwe umempasua binamu."

Wenzetu wa serikali kuu huko bara waliotunga sheria hiyo wanaishi mijini, ambako mtu ana ndugu watatu na wageni milioni moja. Sisi wazee wetu walitoka kwenye merikebu moja na wake wachache, na tangu hapo tumekuwa tukioana kwa kupiga hesabu. Kiroboto aliendesha gari siku tatu akitafuta mtu asiye ndugu. Polisi katoka bara, lakini ana miezi minane tu. Daktari ana wiki sita, bado anapotea njia ya kwenda kazini kwake. Mchungaji ana miaka kumi kisiwani, ila alimwoa mpwa wa Verna, na aliyemchoma nguruwe wa harusi ni Kiroboto mwenyewe. Mwalimu wa hesabu anaishi na mjukuu wa binamu ya Kiroboto, na fomu ilisema waziwazi kwamba hata kukaa pamoja kunahesabika.

"Wanasema undugu ni kufaana," alinung'unika jioni akikata mkate. "Mimi nina ndugu kisiwa kizima, na hakuna hata mmoja wa kunifaa."

Verna hakuinua kichwa kwenye sahani. "Yupo mmoja asiye ndugu."

"Nani?"

"Unamjua."

Kiroboto akaweka kisu chini. "Afadhali niogelee mpaka Auckland."

"Kwa magoti hayo? Maji yakifika kiunoni utarudi kuomba taulo."

Mtu huyo alikuwa Neville Tranter, jirani yao wa ua kwa ua, mkaguzi wa bima mstaafu aliyehamia kutoka Ballarat miaka thelathini na moja iliyopita, akaoa hapana, akazaa hapana. Miaka kumi na tisa iliyopita ng'ombe wa Kiroboto aliegemea lango lake, likafunguka, akaingia akala mawaridi yote aliyoyatunza kwa maonyesho ya kilimo, tena asubuhi ya maonyesho yenyewe. Tranter alikuja mlangoni midomo ikitetemeka. Kiroboto, badala ya kusema pole kama mtu aliyelelewa, alimwambia kwamba kisiwani ng'ombe hupishwa hata na magari, ana haki ya njia.

"Njia!" Tranter alipiga kelele. "Si bustani!"

Tangu siku hiyo hawakusemezana. Hata barabarani, ambako sisi humpungia mkono kila dereva hadi mtalii aliyepotea, hao wawili walipishana mikono imeganda kwenye usukani. Maneno yake Tranter aliyahamishia kwenye karatasi. Aliliandikia baraza la kisiwa kuhusu ng'ombe, kuhusu moshi, kuhusu jogoo, kuhusu gari bovu lililooza uani, mpaka watu wakamwita Bwana Barua. Baraza lilimjibu kila mara kwa heshima na halikufanya lolote.

Lakini mtaka cha mvunguni sharti ainame. Jumamosi asubuhi Kiroboto alioga, akavaa shati la kanisani, Verna akamkabidhi bakuli la ndizi za kuoka, akamsindikiza hadi langoni asije akarudi njiani. Tranter alifungua mlango akiwa na miwani miwili, mmoja usoni, mmoja kwenye paji la uso.

"Bwana Quintal," alisema.

"Bwana Tranter."

Wakatazamana. Kiroboto akamsukumia bakuli, halafu fomu, halafu maneno yote kwa pumzi moja: dada, moyo, tarehe ishirini, posta, mdhamini. Tranter akampokea bakuli, akamkaribisha jikoni, akaketi, akaisoma fomu ukurasa kwa ukurasa, pamoja na yale maandishi madogo ambayo hata walioyaandika hawajayasoma.

"Hapa pana tatizo," alisema mwishowe. "Mdhamini lazima awe anamfahamu mwombaji. Mimi na wewe hatujaongea miaka kumi na tisa. Siwezi kusema nakufahamu. Siweki saini kwenye uongo."

Damu ikampanda Kiroboto. "Hunifahamu? We mzee, mimi najua unakunywa chai saa tisa kwa kikombe cha bluu! Najua unabishana na redio! Najua Jumatano unafua soksi, na unazianika kwa jozi!"

Tranter alifikiri kidogo. "Hiyo inathibitisha kwamba wewe unanifahamu mimi. Fomu inauliza kinyume chake."

Mtu mwingine angetoka. Kiroboto aliona mlango, akamwona Merle akilini, akabaki kitini. "Kalete zile barua zako," alisema.

"Barua zipi?"

"Usijifanye. Za baraza."

Tranter akaenda chumbani, akarudi na faili nene. Barua kumi na nne, nakala safi, kila moja na tarehe. Akazipitia moja baada ya nyingine akisogeza midomo, na katika kila moja lilikuwapo jina, Hedley Obadiah Quintal, bila kosa hata la herufi moja. Kisiwa kizima hapakuwa na mtu mwingine aliyewahi kuliandika lote. Hata cheti cha ndoa kilikosea.

"Ushahidi unatosha," alisema Tranter, akashika kalamu. Halafu akaishikilia hewani. "Kuna jambo moja."

"Mawaridi," alisema Kiroboto.

"Mawaridi."

"Ng'ombe alikosea."

"Ng'ombe wa nani?"

Kiroboto alipakua piano ile bahari imechafuka, na bado haikumlemea hivyo. "Wangu," alisema. "Pole, Neville. Nilipaswa kuisema siku ile ile."

Tranter aligeuza picha, akaandika nyuma kwa mwandiko wa mtu wa bima kwamba hii ni picha ya kweli ya Hedley Obadiah Quintal, akasaini, akaigeuza tena. "Umetoka vibaya," alisema, "lakini ni wewe."

Fomu ikaondoka na ndege ya Jumatatu. Wiki ya kwanza ikapita, na ya pili. Tarehe ishirini ilikuwa inakuja kwa mbio za mtoto anayetumwa pipi. Kila siku Kiroboto alisimama dirishani pa Tavia, na kila siku Tavia alitikisa kichwa, hadi siku alipomwita kwa kidole.

"Mjomba, wamekwama kwa mdhamini. Wamempigia simu mara nne wamhoji, hapokei."

Kiroboto hakupita kwake. Alikwenda moja kwa moja kwa jirani, na safari hii hakubisha hodi vizuri.

"Simu yako inalia, kwa nini hupokei?"

"Sipokei namba nisizozijua," alisema Tranter. "Ni matapeli."

"Ni ofisi ya pasipoti!"

"Hivyo ndivyo tapeli angesema."

"Basi nakaa hapa mpaka ilie. Ikilia utapokea, au nitapokea mimi niseme ni wewe."

"Hilo ni kosa la jinai," alisema Tranter kwa hofu ya kweli, akaenda kuweka maji ya chai.

Kiroboto alikaa jikoni kwa Tranter asubuhi mbili. Chai ilikuwa mbaya, nyepesi, maji yaliyosikia habari za majani. Tranter alijaza fumbo la gazeti, Kiroboto akatazama simu. Siku ya kwanza walisema maneno manane kwa jumla, na manne yalikuwa "sukari." Siku ya pili Tranter aliuliza mto unaoanzia milima ya Alpi wenye herufi sita, na Kiroboto akamjibu kwamba yeye anajua maji ya chumvi tu.

Saa nne na robo simu ikalia. Wote wawili wakaruka, hata magoti yakasahau umri. Tranter akapokea kama anayeshika kaa.

"Naam. Ndiyo, ni mimi. Ndiyo, ninamfahamu." Alinyamaza akisikiliza. "Miaka thelathini na moja. Hapana, si ndugu. Hapana." Akamtazama Kiroboto, akageuka kutazama ukuta. "Hapana, binti, rafiki pia siwezi kusema. Nimeapa kusema kweli."

Kiroboto akafumba macho. Imekwisha, alijiambia. Mtu huyu na ukweli wake wataniulia dada.

"Namfahamuje?" Tranter alirudia swali, na sauti yake ikashuka. "Kila siku, ndivyo ninavyomfahamu. Huamka saa kumi na mbili kasoro robo. Hupasua kuni akipiga mluzi, wimbo mmoja tu, na kipande cha katikati hukikosea. Mwaka juzi walimpeleka Brisbane, huko kwenu bara, kwa ugonjwa wa figo, wiki tisa. Sikumwuliza mtu habari zake, sikuwa na mtu wa kumwuliza. Niliamka kila siku saa kumi na mbili kasoro robo, nikakaa kitandani kusikiliza. Siku ya kwanza mluzi uliporudi, sikuona haya kulia. Sasa sijui fomu yenu ina kisanduku cha hilo. Ndiyo. Ndiyo, mtu wa kwenye picha ni yeye. Asante, na wewe pia."

Akaweka simu chini, akainyoosha isimame sawa na ukingo wa meza. "Wamesema wanaituma kesho, kwa haraka," alisema bila kugeuka.

Kiroboto akanywa ile chai yote, mpaka chini, jambo ambalo hakuna mtu aliyewahi kulifanya katika nyumba hiyo.

"Utakaa huko siku ngapi?" Tranter aliuliza.

"Wiki tatu. Mpaka ainuke kitandani."

"Wiki tatu." Tranter alichukua kikombe kitupu, akakiosha, akaendelea kukiosha kilipokuwa kimeshatakata. "Ni nyingi."

"Basi mbili," alisema Kiroboto. "Merle mwenyewe hawezi kunivumilia zaidi ya mbili."