Uji Uliobaki Getini

Kwetu mjini Baraka, mama haambiwi kifo cha mtoto wake akiwa amesimama. Kwanza anatafutwa mjomba, wanaitwa wamama wawili watatu wa kanisani, anaketishwa mkekani, anashikwa mabega, ndipo anaambiwa. Mimi mwenyewe niliambiwa hivyo habari ya mdogo wangu, nimeshikwa pande zote mbili. Kwa hiyo siwezi kusema sikujua. Nilijua, na bado niliwapigia polisi simu kwanza.

Nilikuwa muuguzi mkuu wa wodi ya wazazi. Wiki chache kabla ya hapo, kijana mmoja wa pikipiki alifia katika hospitali yetu. Wenzake wakaja wakavunja madirisha yote ya mbele kwa mawe, wakampiga mlinzi wetu mpaka naye akalazwa katika hospitali aliyokuwa akiilinda. Ndipo daktari mkuu akatoa amri: mgonjwa akifa, kabla ya kumwambia mtu yeyote, polisi waitwe. Sikubisha. Aliyeumwa na nyoka akiona unyasi hushtuka, na mimi siku ile ya mawe nilijificha chini ya meza, nikimwomba Mungu kwa Kiswahili, Kifaransa na Kibembe, nisijue ni lugha ipi atakayoisikia upesi.

Asubuhi hiyo msichana aliyekuwa amejifungua alitokwa damu nyingi. Tulihangaika naye mpaka jua likapanda. Damu ya kumwongezea ilikuwa imekwisha, na hatukumwokoa. Mtoto wake alikuwa mzima, analia njaa. Mama wa msichana huyo alikuwa ametoka kwenda kumpikia bintiye uji kwenye jiko la wanaotunza wagonjwa wao, ng'ambo ya barabara. Alikuwa mkulima kutoka Mboko, mwenye sauti ya chini, na kila asubuhi alikuwa akiniuliza mimi kama nimelala vizuri, kana kwamba mgonjwa ni mimi. Hata sikumfikiria. Nilifikiria madirisha.

Polisi walifika upesi, sita juu ya gari la wazi, na bunduki zao. Wakafunga geti, wakajipanga mbele yake. Mji wote unajua siku hizi maana ya polisi hospitalini, kwa hiyo watu wakaanza kujaa barabarani wakiulizana. Nilichungulia kupitia dirisha jipya la mbele, hatua chache tu kutoka getini. Nikamwona yule mama mbele ya geti, ameshika sufuria kwa kipande cha kitenge ili isimuunguze.

“Mufungue, papa,” alimwambia polisi. “Mutoto yangu iko ndani, anangojea uji.”

“Mama, leo hakuna muntu ya kuingia.”

“Juu ya nini?”

Polisi aliangalia viatu vyake mwenyewe. Mama akaitazama bunduki, akageuka kuwatazama watu waliokuwa nyuma yake, kisha akauliza kwa sauti ileile ya chini, “Ni nani alikufa?”

Hakuna aliyemjibu, na nadhani hapo ndipo alipojijibu mwenyewe. Alikuwa amesimama. Hakuna aliyekuwa amemshika. Aliiweka sufuria chini taratibu, uji usimwagike, halafu akaanguka. Wamama wapita njia ndio waliomwinua.

Hakuna hata jiwe moja lililorushwa. Mchana daktari mkuu alitupongeza, eti kazi imefanyika vizuri, na mimi nikazipokea pongezi hizo huku natamani ardhi inimeze. Sisemi polisi wasije. Nilimfunga mlinzi majeraha kwa mikono yangu. Lakini kutoka wodini hadi lile jiko ni mwendo wa kumaliza sala moja ya Baba Yetu, na sikuutembea. Nililaumu amri ya daktari siku nyingi, mpaka nikachoka kujidanganya. Amri haikuninyima miguu.

Miezi kadhaa baadaye yule mama alikuja kwenye chanjo, mjukuu mgongoni. Nilikuwa nimejiandalia maneno mengi, yote yakanipotea. Nikamvutia kiti, nikaketi karibu naye, nikamwambia, “Mama, unisamehe.”

Alimfungua mtoto mgongoni bila haraka.

“Ile siku mi sikukuya pa geti na jiwe, mama muganga,” alisema. “Nilikuya na uji.”

Kisha akanipa mtoto nimpime uzito.