Sahani Moja ya Bundu

Kwetu Bwera, mwanamume akija kuposa, shangazi wa binti ndiye anayempakulia bundu, ugali wetu wa muhogo. Akimeza tonge la kwanza, amekuwa mkwe. Kisha baba wa binti anakaa naye wanakula sahani moja, apende asipende.

Kaka yangu aliijua mila hiyo vizuri. Baba yetu alikuwa amefariki, kaka ndiye mwenye nyumba. Askari wa kambini alipokuja kuniposa, mtu wa kaskazini niliyempenda mpaka nikakonda, kaka alimpokonya sahani tonge likiwa bado mkononi, akawamwagia kuku.

"Mutu ya kambi haiwezi kuoa hapa," alisema. "Kesho banamuhamisha, mutoto anabaki na mimba."

Mji mzima ulicheka. Sokoni wanawake wakaniita afande. Askari wangu akahamishwa kweli, akaoa huko huko. Mimi sikuolewa, wala sikusamehe. Nilimpikia kaka, nikamlelea binti yake aliyefiwa na mama, nikaitika "ndiyo, kaka" kila alipoita. Chuki yangu niliitunza vizuri kuliko nguo zangu za kanisani.

Mwaka huu binti huyo akapenda. Akampenda nani? Askari wa kambini! Mkuki kwa nguruwe, kwa binadamu mchungu. Siku ya posa, kaka, ambaye siku hizi anauza kahawa Kasese, alinipigia simu.

"Weye ndiyo shangazi. Bafukuze na njaa yao. Miye nakuja nyuma."

"Ndiyo, kaka."

Nikasonga bundu, nikaunga na samaki. Kijana aliketi kati ya wazee wake na wetu, jasho likimtoka, binti akichungulia mlangoni. Nilimtazama kijana akimega, akichovya, akimeza. Raha niliyoisikia sijui kama kanisa linairuhusu.

Ndipo kaka akaingia.

"Huyu iko nafanya nini?"

"Iko nakula, kaka. Miye nimemupakulia."

Mkono wake ulinyooka kuelekea sahani, ukasita. Alikuwa amechelewa. Wazee wakamsogezea kigoda karibu na mkwewe, naye akakaa, maana wote walikuwa wakimtazama. Nilimnawisha mwenyewe, polepole.

"Kula, kaka," nikamwambia. "Bundu ikipoa inakuwa ngumu kumeza."

Akala. Nilisimama mbele yake na birika la maji mpaka sahani ikaisha.