Chapuo la Kuazima

Naona haya mpaka leo kulisimulia hili, lakini maadamu mmeng'ang'ania kujua kwa nini mimi, mwandishi wa vichekesho vya majini kwa vijana, sikuwahi kuandikia senema hata moja, basi sikilizeni, na atakayecheka acheke kwa adabu.

Ilikuwa miaka ya hamsini, Msambweni. Nilikuwa na mchezo wa jini kijana aliyefeli mtihani wa kutisha watu, akampanda kichwani mwanafunzi mvivu, na kila akiulizwa shida yake anataka kaimati za shira. Vijana waliupenda mno, habari zikafika Mombasa, na bwana mmoja wa senema akaja alasiri moja kuutazama. Ukimpendeza, ananiajiri nimwandikie (nami nilikuwa nimeshajitapa kwa kila mtu, hata kwa baba wa mchumba wangu).

Sasa, siku zote ngoma yetu ilikuwa debe. Siku hiyo nikaona debe litaniaibisha, nikaenda kwa bibi fundi wa pepo kuazima chapuo lake, ile ngoma ndogo inayopigiwa wagonjwa wa pepo.

"Walitakia nini, mwanangu?"

"Mchezo tu, bibi."

Akanitazama, akanipa.

Chapuo likalia. Kabla mwigizaji wangu hajaanza kutetemeka, shangazi yangu Mwanasiti, aliyeketi mbele kabisa, akatikisa mabega, na huyoo, katikati ya uwanja! Na mwajua desturi, pepo akipanda huulizwa haja yake, hafukuzwi. Wazee wakausahau mchezo, wakamwelekea yeye. "Karibu, bwana. Wataka nini?"

"Namtaka aliyeandika uwongo huu!" Sauti nzito, si ya shangazi hata kidogo. "Nani kamwambia sisi twala kaimati?"

Mwigizaji wangu, maskini, kwa kuchanganyikiwa akaomba kaimati vile vile nilivyomfundisha, akazabwa kofi. Nami nimeshika karatasi zangu, sijui nimwombe radhi shangazi, pepo, au bwana wa senema. "Piga magoti!" Nikapiga. "Ahidi leso mpya!" Nikaahidi, baba mkwe akinitazama.

Bwana wa senema alikuwa akifuta machozi ya kicheko. "Mama yule ni hodari! Kesho arudie vile vile nimpige picha, na kazi umepata."

Nikakimbilia kwa shangazi. "Shikamoo, shangazi. Kesho urudie."

"Marahaba. Nirudie nini? Mimi sikumbuki kitu, mwanangu. Naambiwa tu kuna leso."

Kesho yake tulilipiga chapuo mpaka viganja vikavimba. Shangazi ameketi, kajitanda leso yake mpya, anatafuna tambuu, katulia tuli. Nikawaambia vijana wacheze kama kawaida. Bwana wa senema akapiga miayo, akafunga mashine yake, akaenda zake.

Kinachonivuruga akili ni kwamba leso ile alikuwa akiniomba tangu Ramadhani. Je, alipandwa kweli, au mwigizaji bora kuliko wote niliowahi kupata nilikuwa nakula naye sinia moja? Kila nikimwuliza hunijibu, "Muulize mwenyewe aliyepanda."

Niliapa, na sijavunja: ngoma yangu ni debe. Na katika michezo yote niliyoandika baada ya hapo, jini hagusi kaimati.