Hakimu Aliyekataa Kuku

Nakumbuka swali la Bi Eliza wa Kintinku, siku niliyokwenda kwake na Mjomba kuomba kura.

"Mjukuu wangu, mjomba wako anaumwa tumbo?"

"Hapana, bibi."

"Basi kama hataki kuku wangu, kura yangu anaitakia nini?"

Mdogo wangu, nilikuwa na shahada ya siasa, tena ya daraja zuri, na nilichoweza ni kumsifia kuku wake.

Mjomba Yohana alikuwa amestaafu uhakimu wa mahakama ya mwanzo, sasa anagombea udiwani. Miaka yote niliyomjua kazini hakula kwa mtu. Harusini alitoa zawadi yake, akapongeza, akaondoka kabla ya pilau. Chai alitembea nayo kwenye chupa. Watu walimzoea, hakimu ni hakimu. Lakini mgombea asiyekula, Manyoni nzima, nani amewahi kumwona? Wahenga walisema mgeni njoo mwenyeji apone. Sijui kama walikuwa wanafikiria mahakimu.

Mpinzani wake, mfanyabiashara wa alizeti kutoka Mkiwa, alikula kila nyumba. Alikula asubuhi, akala mchana, akafungasha.

"Mjomba, kula," nilimsihi njiani. "Siasa ni kuzoeana na watu."

"Nikila kwa huyu, kesho ana kesi ya mpaka na jirani yake, itakuwaje?"

"Si umestaafu!"

"Kazi imestaafu, binti. Tumbo bado."

Nilimsumbua wiki nzima. Nilimwambia yule wa alizeti anatushinda kwa meno tu. Mwishowe akakubali, tukarudi kwa Bi Eliza. Akachinja jogoo mwingine, majirani wakajaa uani. Mjomba alipong'ata paja, vigelegele vilipigwa kama vya harusi. Mimi nilishaanza kumwona kwenye kiti cha udiwani.

Bi Eliza akangoja Mjomba anawe mikono, kisha akasimama.

"Mheshimiwa, ng'ombe wa huyu jirani yangu wamemaliza uwele wangu. Ukipata udiwani utanisaidiaje?"

Mjomba naye akasimama, akafunga kifungo cha koti.

"Mama, nimekula kuku wako. Kwa hiyo shauri lako siwezi kulisikiliza. Najitoa katika shauri hili."

Halafu yule jirani mwenye ng'ombe akaruka juu.

"Jamani, njooni na kwangu! Nachinja mbuzi, asisikilize kesi yoyote ya kunishtaki milele!"

"Sasa akila kwetu sote," mzee mmoja akauliza, "atamsikiliza nani?"

Watu walicheka hadi wengine wakakaa chini. Bi Eliza peke yake hakucheka. Alitazama mifupa kwenye sahani, akatutazama sisi.

Tulishindwa vibaya. Nililia kwenye gari; Mjomba akanimiminia chai yake ya chupa. "Wameamua kwa ushahidi waliokuwa nao," akasema, na akalala usingizi mzuri kuliko wangu.

Wewe sasa unakwenda kuanza uhakimu huko Mkalama, ndiyo maana nakusimulia. Wazee watakwambia uheshimu kila desturi. Mimi nakwambia iulize kwanza, hata ya kwetu. Kula nyumbani kabla hujatoka. Ukikaribishwa, kataa kwa upole, lakini sababu itaje waziwazi, siku ya kwanza, mbele ya mwenye chungu. Mtu akinyimwa sababu hujitungia ya kwake, na hiyo huwa mbaya kuliko ya kweli. Mjomba alinyamaza, na kimya chake Bi Eliza alikisoma kama dharau. Nenda salama. Mungu akujalie njaa ndogo na masikio makubwa.

Mimi sababu yenyewe niliipata msibani kwa Mjomba, kutoka kwa karani wake wa zamani. Katika kituo chake cha kwanza, kule Iramba, Mjomba alikula wali kwa mtu mmoja, na muda mfupi baadaye akampa mtu huyo ushindi katika kesi ya shamba. Hukumu ilikuwa sahihi. Hata rufaa iliikubali. Lakini aliyeshindwa alihama kijiji na wanawe wote, na hadi anakufa aliamini kwamba shamba lake lilichukuliwa na sahani ya wali.